Karatasi ya sigara si fyuzi ya lori

Mhariri,

Naomba nafasi niseme na wenye malori, madereva na mafundi wenzangu wa Malindi na wa barabara nzima ya kwenda Lamu. Ukifungua kifuniko cha fyuzi katika malori yanayobeba chumvi kutoka Gongoni na Marereni, au yanayopita hapa na saruji kuelekea Mokowe, ni bahati usipokuta tundu moja au mawili yasiyo na fyuzi. Pamesokomezwa karatasi ya fedha ya pakiti ya sigara, uzi wa shaba uliochunwa kwenye waya mkuukuu, hata msumari. Taa zinawaka, honi inalia, fundi analipwa, safari inaendelea. Tabia hii ikome. Na ili isiwe lawama tupu, nitaeleza kinachopaswa kufanywa badala yake.

Wengi wanaamini fyuzi imewekwa kulinda taa. Sivyo. Balbu ikiungua ni hasara ya balbu. Fyuzi inalinda waya unaopita kati ya kisanduku na hiyo balbu, na kiwango chake huchaguliwa ili ikatike kabla mpira wa waya haujaanza kulainika. Uzi mmoja wa shaba wenye unene wa nusu milimita haukatiki mpaka upitishe karibu ampea 28. Ukiukunja mara mbili, ni zaidi ya 50. Kwa hiyo pale palipopangiwa ampea 10 umeweka mlinzi wa ampea 50 na zaidi, ilhali betri za lori, mbili za volti 12 zilizofuatanishwa ili zitoe 24, zinaweza kumwaga mamia ya ampea bila kusita. Shoti ikitokea, uzi wako utabaki mzima. Kitakachoiva ni waya ndani ya fungu la nyaya, na fungu hilo limelala kwenye chesisi sambamba na mabomba ya plastiki ya hewa ya breki na mpira wa dizeli. Jambo kama hilo likikupata kati ya Garsen na Witu usiku, hakuna wa kumwita.

Kwanza, fyuzi ziko wapi? Lori halina kisanduku kimoja. Katika malori mengi kisanduku kikuu kimo ndani ya kebini, upande wa utingo, nyuma ya kifuniko cha dashibodi kinachotoka kwa skrubu mbili tatu au kwa kuvutwa tu. Mengine huwa nacho chini ya usukani au nyuma ya kiti. Kundi la pili liko nje, karibu na betri: fyuzi kubwa za kufungwa kwa nati, za ampea 100, 150 na kuendelea, zinazolinda nyaya nene za alteneta (mashine inayochaji betri) na zile zinazopeleka umeme kebini. Kebini nzima ikizima ghafla, anzia huko. Usipoteze saa nzima ukichomoachomoa zile ndogo. Kundi la tatu ndilo linalotupa tabu, fyuzi mojamoja zilizoning'inizwa kwenye waya na mtu aliyeongeza taa za spoti, redio au kifaa cha kufuatilia gari. Hizo hazimo kwenye mchoro wowote. Zifuate kuanzia betri kwa mkono na tochi.

Mchoro wa fyuzi huwa umebandikwa upande wa ndani wa kifuniko, au umo kwenye kitabu cha gari. Malori mengi yetu yamekuja yakiwa yameshatumika kwingine, na mchoro unaweza kuwa wa Kijapani au Kijerumani. Hilo lisikutishe, kwa sababu namba za matundu na za ampea zinasomeka kwa lugha zote. Kabla hujagusa kitu, piga picha ya kisanduku kwa simu. Kisha linganisha mchoro na kilichomo. Mara nyingi ulinganishaji huo peke yake unakuonyesha fundi aliyetangulia alivuruga wapi.

Sasa kupima. Usianze kwa kuchomoa. Fyuzi za miguu miwili bapa zina vidoa viwili vya chuma vilivyo wazi mgongoni, na vimeachwa wazi makusudi. Chukua taa ya kupimia, bana klipu yake kwenye chuma kitupu cha bodi kisicho na rangi wala kutu, kisha igusishe moja kwa moja kwenye betri kuhakikisha kuwa taa yenyewe ni nzima. Washa kile kisichofanya kazi, maana fyuzi nyingi hazipati umeme mpaka ufunguo uzungushwe. Gusa vidoa vyote viwili. Taa ikiwaka kwenye vyote, fyuzi ni nzima na ubovu uko mbele yake: rilei (swichi inayoendeshwa kwa umeme), swichi, balbu au athi, yaani njia ya umeme kurudi kwenye chesisi. Ikiwaka kwenye kimoja tu, fyuzi imekatika. Isipowaka popote, umeme haufiki hapo kabisa, na kubadilisha fyuzi hakutasaidia kitu. Ukitumia mita ya umeme, utarajie karibu volti 25 injini ikiwa imezimwa na betri zimejaa, na karibu 28 injini ikinguruma. Kwenye nyaya za kompyuta ya injini, ya breki za ABS (zinazozuia magurudumu kukwama) au za mifuko ya hewa ya kumkinga dereva ajalini, tumia mita tu. Taa ya kupimia yenye balbu ya kawaida inavuta umeme mwingi kuliko baadhi ya saketi hizo zinavyoweza kustahimili.

Usiamini macho peke yake. Utepe wa ndani unaweza kuwa na ufa mwembamba jirani na mguu, ukauona mzima hata ukiuelekeza juani. Chomoa, weka mita kwenye kipimo cha omu: nzima inasoma karibu na sifuri.

Kuchomoa nako kuna adabu yake. Zima ufunguo na hicho kifaa kwanza, kwa sababu fyuzi ikitolewa umeme ukipita hupiga cheche inayochimba meno ya tundu. Tumia kibanio kidogo cha plastiki ambacho huwa ndani ya kisanduku. Kimepotea? Koleo jembamba lililovishwa mpira litafaa, ukivuta wima bila kupindapinda. Kwa fyuzi kubwa za nati, zima swichi kuu ya betri au fungua waya wa hasi kwanza na uurudishe mwisho. Sababu yake ni hii: ukianza na chanya na spana ikagusa chesisi, hasi ingali imefungwa, umepiga shoti ya betri mbili mkononi mwako. Lori linalotumia AdBlue, majimaji ya kusafishia moshi wa dizeli, lisubiriwe dakika kadhaa baada ya injini kuzimwa kabla ya kukata swichi kuu, maana pampu yake inaendelea kuondoa majimaji kwenye mabomba, na ukiikatiza yatagandia humo.

Fyuzi ikishakufa isitupwe kabla haijasomwa. Hapo ndipo kazi ya fundi inapojulikana. Utepe ukiwa umekatika katikati taratibu na plastiki ni safi, umeme ulizidi kidogo kwa muda, au fyuzi imechoka tu. Plastiki ikiwa imeingia weusi au vitone vya metali vimerukia ukutani, hiyo ni shoti kamili. Usiweke nyingine mpaka uipate, utamaliza pakiti bure.

Hali ya tatu huku pwani tunaiona kila leo na wengi wanaikosea: utepe ni mzima, lakini plastiki imeyeyuka kuzunguka mguu mmoja. Hapo umeme haukuzidi hata kidogo. Meno ya tundu yamelegea au yameliwa na chumvi, hayashiki vizuri, na penye mshiko mbaya hutokea joto. Ampea 15 zikipita mahali penye ukinzani wa sehemu moja ya kumi ya omu huzaa wati 22 na nusu. Ni kama kuiwasha balbu ya breki ndani ya kisanduku na kufunga kifuniko. Fundi asiyejua anaona fyuzi iliyoungua, anapandisha kutoka 15 hadi 25, na joto linabaki palepale. Tiba ni kutoa kile kijino cha chuma nyuma ya kisanduku, kukata waya mpaka ufike kwenye shaba inayong'aa, na kubana kijino kipya cha ukubwa uleule. Kubana kwa koleo lake maalumu, si kwa meno wala kwa nyundo.

Kuhusu kiwango, fuata mchoro na si fyuzi uliyoikuta, kwani uliyoikuta huenda iliwekwa na mtu wa haraka. Rangi zinasaidia. Katika zile za kawaida, 5 ni kahawia isiyokolea, 7.5 kahawia, 10 nyekundu, 15 buluu, 20 njano, 25 nyeupe angavu, 30 kijani. Lakini zile kubwa za umbo hilohilo zina mpangilio wao: humo nyekundu ni 50 na buluu ni 60. Soma namba.

Fundi wa matatu anaposhika lori naye akumbuke kwamba wati zilezile kwenye volti 24 zinavuta nusu ya ampea za volti 12. Balbu ya mbele ya wati 70 inavuta karibu ampea 3 tu kwenye lori. Ukinakili fyuzi kutoka kwenye gari dogo umeshazidisha. Fyuzi yenyewe iwe imeandikwa 32V, inafaa mifumo yote miwili. Na ieleweke kwamba fyuzi ya ampea 10 haikatiki ikifika 10. Ikizidishwa kwa theluthi moja hivi inaweza kuvumilia hata dakika kumi; ikizidishwa mara mbili hukatika ndani ya sekunde tano hivi. Ndiyo maana mzigo wa kudumu usipite asilimia 80 ya kilichoandikwa.

Mfano uko kwenye zile spoti zinazopangwa juu ya kebini. Nne za wati 70 ni wati 280; gawa kwa 24 upate ampea 11.7, gawa tena kwa 0.8 upate 14.6. Basi fyuzi ni ya 15, kwa waya wa milimita mraba 2.5, na rilei yake. Na fyuzi ikae karibu na betri kadiri inavyowezekana. Ukiiweka kule juu kwenye spoti, waya wote uliotoka chini hauna mlinzi. Mtu anayechukua umeme wa spoti kwenye fyuzi ya taa za pembeni, kisha akashangaa mbona inakatika, amejiletea mwenyewe.

Sasa tufike kwenye shoti. Wengi hutafuta kwa kuchoma fyuzi moja baada ya nyingine. Kuna njia isiyogharimu kitu. Chukua balbu ya breki ya volti 24, wati 21, ichomelee nyaya mbili fupi zenye miguu bapa kama ya fyuzi nchani, na uichomeke mahali pa ile fyuzi iliyokatika. Balbu hiyo haipitishi hata ampea moja nzima, kwa hiyo hakuna waya utakaoungua hata shoti iwe kubwa namna gani. Ikiwaka kwa nguvu zake zote, shoti ipo. Iache hivyohivyo na uanze kutenganisha. Cha kwanza kabisa, chomoa kebo ya trela. Balbu ikififia au kuzima, tatizo liko nyuma na hujafungua dashibodi bure. Ikiendelea kung'aa, chomoa taa moja moja, kisha tikisa fungu la nyaya mahali linapopita kwenye vyuma, hasa pale kebini inapoinamia na pale chesisi ilipotobolewa. Wakati balbu inapepesa, mkono wako uko juu ya ubovu. Mtu mmoja atikise, mwingine aitazame balbu.

Kwenye trela, soketi ndiyo mshukiwa wa kwanza. Ile ya pini saba ya kawaida ina mpangilio huu: 1 ni athi, 2 taa za pembeni za kushoto, 3 indiketa ya kushoto, 4 breki, 5 indiketa ya kulia, 6 taa za pembeni za kulia. Ya 7 hubadilika, hivyo ipime kabla ya kuitumia. Ukikanyaga breki na taa za pembeni zikafifia au indiketa zikapepesa pamoja, wala fyuzi usiiguse. Athi ya pini 1 imeoza. Chumvi inayomwagika Marereni, ikichanganyika na unyevu wa kusi, inajenga kutu ya kijani kati ya pini mpaka umeme unaruka kutoka moja hadi nyingine. Fungua soketi, piga dawa ya kusafishia viungo vya umeme, sugua kwa brashi ya waya mwembamba. Msasa mkali unaondoa ule utando wa bati unaozuia kutu, na mwezi ujao hali itakuwa mbaya zaidi. Paka grisi ya silikoni kidogo. Grisi ya beringi inakusanya vumbi, achana nayo. Vijana wa kuosha magari nao wasielekeze bomba la presha kwenye kisanduku cha betri wala kwenye soketi iliyo wazi.

Kuna na hili la kuiba volti 12 kwenye betri moja ili kuwashia redio au kuchajia simu. Betri ile moja inakonda, nyenzake inachajiwa kupita kiasi, na zote mbili zinakufa kabla ya wakati. Waya wenyewe kwa kawaida hauna hata fyuzi. Kigeuzi cha 24 kwenda 12 kinauzwa madukani. Kinunuliwe.

Tena fyuzi bandia zimejaa, na hizo naziogopa kuliko karatasi ya sigara kwa sababu zinaonekana kama fyuzi. Halisi huwa na kiwango kilichochapwa wazi na jina la aliyeitengeneza. Ukinunua pakiti ya bei ya kutupa, toa moja ya ampea 10 uitoe mhanga: ifunge kwenye betri za lori, mahali pa wazi, kwa waya mnene, pamoja na balbu saba za mbele za wati 70 zilizounganishwa sambamba. Hapo zinapita zaidi kidogo ya ampea 20. Ikihesabiwa mpaka kumi nayo haijakatika, pakiti nzima irudishwe dukani, na mwenye duka aonyeshwe.

Kwa wenye malori ombi langu ni dogo. Kila lori liwe na kikopo chenye fyuzi tano za ampea 10, tano za 15, tatu za 5, tatu za 20 na mbili za 30, kibanio chake, taa ya kupimia na ile balbu ya wati 21. Fyuzi ya akiba ikitumika, irudishwe kabla ya safari inayofuata. Dereva asikatwe mshahara kwa kulala njiani akitafuta shoti. Mkikata, mtaendelea kukuta misumari.

Na wakaguzi wa NTSA, mamlaka ya usafiri na usalama barabarani, wanaopitisha magari ya biashara kila mwaka, pamoja na askari wa trafiki barabarani, wasitosheke kuona taa zinawaka. Waombe kifuniko cha fyuzi kifunguliwe. Wakikuta karatasi ya fedha au waya mahali pa fyuzi, gari lisiondoke hapo mpaka fyuzi ya kiwango chake iwekwe na taa iwake nayo mbele yao.

Fundi umeme wa malori,
Malindi